Sahani Iliyofunikwa ya Mwalimu Fidelis

Padri wetu, wazee wa koo zote mbili, walimu, majirani wa Mwembesongo na ninyi nyote mliopanda mlima huu wa Kinole katika utelezi wa masika, poleni na safari, poleni na msiba. Historia hii inasomwa na Innocent, mpwa wa marehemu, kwa niaba ya familia, na tunaomba radhi kwamba imechelewa. Mvua tusiisingizie, kwani kilichotuchelewesha ni mstari mmoja tu, ule wa kutaja watoto aliowaacha marehemu, ambao wazee hawakuwa wamekubaliana juu yake mpaka asubuhi hii, na hilo si siri tena, maana kila aliyefika hapa amemwona mtani wetu Paulo ameketi ndani ya kaburi na amegoma kutoka. Mstari huo tutaufikia mahali pake.

Mwalimu Fidelis Elia Mkude alizaliwa tarehe 9 Juni 1958 hapa hapa Kinole, akiwa mtoto wa pili wa Mzee Elia Mkude na Mama Hosiana, ambao wote wawili wamekwisha kutangulia mbele za haki. Mama Hosiana alikuwa akishuka mjini na tenga la ndizi kichwani, na pilipili manga na mdalasini ndani ya kitambaa alichojifunga kiunoni, akauza, akapanda tena mlima, na siku za mvua alifika giza likiwa limeshaingia, kwa hiyo watoto wake walilelewa kwa amri moja isiyo na mjadala, kwamba chakula cha aliye njiani hutengwa kwanza, hufunikwa, ndipo waliopo wale, hata kama waliopo wana njaa na kilichopo ni kidogo. Fidelis aliishika amri hiyo kuliko amri nyingine zote alizopewa, na waliomfahamu utotoni wanasema nyingine hakuzishika sana.

Alisoma shule ya msingi hapa kijijini kuanzia mwaka 1966 hadi 1972, kisha akajiunga na sekondari mjini Morogoro mwaka 1973 na kumaliza mwaka 1976. Huko ndiko alikokutana na Kiingereza uso kwa uso, na katika Kiingereza chote kitu kimoja kilimnyima raha, nacho ni kitenzi "leave", kwa sababu katika kitabu cha darasani alisoma kwamba mzee fulani aliondoka nyumbani kwake, na ukurasa uliofuata mzee huyo huyo akawaachia wanawe shamba, na neno lilikuwa lile lile. Alimuuliza mwalimu wake inawezekanaje neno moja limwondoe mtu na papo hapo libakishe kitu, akajibiwa kwa kiboko, kama ilivyokuwa desturi ya kuwajibu wadadisi wakati ule. Siku hiyo, alivyokuwa akisimulia mwenyewe, ndipo alipoamua kuwa mwalimu, apate kuulizwa swali hilo na kulijibu kwa mdomo.

Baada ya mafunzo ya ualimu kati ya mwaka 1977 na 1979 alipangiwa shule ya msingi kule Matombo, akafundisha miaka sita, akarudi chuoni kuchukua stashahada, na kuanzia tarehe 12 Januari 1987 alifundisha Kiingereza katika sekondari moja ya mjini hadi alipostaafu mwezi Juni 2018. Wanafunzi walimwita Mwalimu Livu, naye alijua, akajifanya hajui. Kila kidato cha kwanza kilipoanza alikiandika kitenzi hicho juu ya ubao siku ya Jumatatu, na hakikufutwa mpaka Ijumaa, na wiki nzima watoto walikizunguka: gari linaondoka stendi, mwanafunzi anaacha shule, mtu anasahau mwavuli kwa kinyozi, bibi anawaachia wajukuu mashamba, mama anambakizia mtoto ukoko, mtumishi anakwenda likizo, na jirani mkorofi anaambiwa awaache wenzake wapumue. Watoto nao hawakuisha vituko, kwani kila mwaka walikuwepo walioandika kwamba wanaondoka Mwembesongo ilhali walitaka kusema wanaishi Mwembesongo, kwa kuchanganya "leave" na "live", na Mwalimu aliwasahihisha kwa wino mwekundu, akisema anashangaa kata inayohamwa kila mwaka inazidije kujaa watu. Waliopita mikononi mwake leo ni wauguzi, madereva, wahadhiri, na wengine wamelibeba jeneza lake kutoka barabarani mpaka hapa.

Tarehe 27 Agosti 1983 alifunga ndoa na Bi Semeni, binti wa Kinole, ambaye siku ya posa alimwambia kwamba hataki mume anayesahihisha watu, akakubaliwa ombi hilo kwa mdomo tu. Walijaliwa watoto, Collins mwaka 1985, Diana mwaka 1988 na Kelvin mwaka 1992.

Hapa tunaomba mtuvumilie, kwa kuwa ndipo penye kile kilichomweka Paulo kaburini, na Zawadi, binti ambaye jambo lenyewe linamhusu na amelijua tangu utotoni, ameturidhia tulisome.

Mwezi Novemba 1997, wakati ule wa mvua kubwa zilizokata barabara nyingi, katika nyumba ya Mwalimu kule Mwembesongo alikuwa amepanga chumba cha uani binti mmoja mgeni wa mji, mwenye mtoto mchanga wa kike. Tarehe 22 ya mwezi huo binti huyo alimlaza mtoto kwenye mkeka wa Bi Semeni, akaomba aangaliwe kidogo ili yeye afuate nguo kwa fundi, akaondoka. Hakurudi jioni ile, hakurudi wiki ile, na waliotumwa kumtafuta walirudi mikono mitupu. Watu wa mtaani walisema mtoto ametupwa, na Mwalimu, ambaye hakuwa mtu wa kupandisha sauti, aliwakatalia kwa ukali, akisema mtoto huyu hakutupwa, ameachwa kwa watu, na mama yake yuko njiani. Wakamwita mtoto Zawadi. Jioni hiyo walipompa jina, Mwalimu alimwagiza mkewe atenge sahani ya mama Zawadi, aifunike, kama alivyokuwa akitengewa Mama Hosiana, na tangu hapo sahani hiyo ikawa inatengwa kila jioni.

Si kwamba nyumba ile ilikuwa na chakula cha kuchezea. Mshahara wa mwalimu mnaujua. Kelvin alikuwa akinyofoa nyama kwenye sahani ile na kuifunika tena kwa adabu zote, Diana alinuna, Bi Semeni asubuhi aliupasha moto ugali wa mgeni asiyekuja na kuunywea chai, na majirani walicheka chini kwa chini kwamba Mwalimu Livu amepata mpangaji wa bure, halipi kodi na chakula anawekewa. Mwalimu alijibu kwamba aliyeondoka akikuta hakubakiziwa kitu, atajua kweli kwamba kwake kumefungwa, na yeye hataki dhambi ya namna hiyo.

Sahani ilitengwa mpaka mwaka 2004, Zawadi alipoanza darasa la kwanza. Jioni moja aliuliza sahani ile ni ya nani, na Mwalimu, mbele ya watoto wote, akamweleza ukweli wote, wa mpangaji, wa mkeka na wa fundi nguo. Mtoto alisikiliza mpaka mwisho, akaivuta sahani, akaifunua, akaanza kula, na nyumba nzima ikawa inamtazama, naye alipoona anatazamwa akasema, "Mama akija tutampikia kingine."

Bi Semeni anasema hiyo ndiyo siku ya kwanza alipomwona mumewe analia, na kuanzia jioni iliyofuata hapakutengwa sahani tena, watu sita walikula sinia moja. Mwalimu hakumsahau yule binti, alimwombea mpaka mwisho, lakini hakumngoja tena. Zawadi alisoma, akafika Mzumbe, akahitimu mwaka 2020, akaajiriwa halmashauri kule Dodoma, na mshahara wake wa kwanza ulimnunulia Mwalimu miwani na Bi Semeni doti ya khanga, na Kelvin akaletewa kilo moja ya nyama akaambiwa anarudishiwa deni la sahani ile.

Maradhi ya kisukari yalimwanza marehemu mwaka 2019, na mwishoni mwa mwaka 2023 yakagusa figo, ikawa lazima asafishwe damu kila wiki hospitalini. Watoto wote walichanga na walikuja kwa zamu, na hatutaki kupima nani alimpenda zaidi, ila ni haki isemwe kwamba Zawadi alichukua likizo yake ya mwaka, ilipokwisha akaomba likizo bila malipo, akahamia Mwembesongo, akawa ndiye anayemwogesha, anayempimia maji ya kunywa na anayegombana naye juu ya chumvi. Mgonjwa, ambaye maradhi hayakumpunguzia utani, alimwambia kwamba likizo nayo ni livu, kwa hiyo amehudumiwa na somo lake mwenyewe. Tarehe 14 Machi 2025, saa mbili asubuhi, akiwa ameshikwa mkono na mkewe, Mwalimu Fidelis aliaga dunia akiwa na umri wa miaka sitini na sita. Alikuwa ameomba azikwe Kinole, karibu na mama yake. Juu ya watoto hakuacha wosia, kwa sababu hakuwahi kufikiri kwamba kuna la kusema.

Kumbe lilikuwepo. Katika kikao cha familia cha juzi, Mzee Bonifasi, kaka wa Bi Semeni na mjomba wa watoto, alikumbusha kwamba kwetu Waluguru mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na jina linalosomwa penye kaburi ni jina lenye ukoo, lenye mashamba na lenye mahali pa kuzikwa, sasa huyu ambaye mama yake hajulikani atasomwa kwa ukoo upi. Akashauri wasomwe watatu, na Zawadi atajwe miongoni mwa wengine aliowalea marehemu. Hakuyasema kwa chuki, ni mila iliyomlea yeye, ikatulea na sisi. Zawadi aliinuka, akaenda nyuma ya nyumba kuosha sufuria za msiba, na waliokuwa naye wanasema aliziosha mpaka zilizokuwa safi.

Leo alfajiri vijana walichimba, na Paulo, mtani wa ukoo, akaingia kaburini kama watani wafanyavyo, tukajua atatucheza shere, atapewa chochote, atatoka. Tukampelekea. Akakirudisha. Akasema, "Simwachii Mwalimu shimo hili mpaka mniambie ana watoto wangapi."

Watu walicheka, kisha wakaona mwenzao hacheki. Mzee Bonifasi alisogea ukingoni na mvua ikimnyeshea, akamweleza mila kwa upole, na Paulo akamjibu kwamba mila anaijua, ndiyo iliyompa ruhusa ya kukaa hapo alipo. Mabishano yakaendelea mpaka habari zikamfikia Bi Semeni ndani alikoketi, na mjane hatoki mkekani kabla ya maziko, hilo pia ni mila, lakini alitoka, akiwa amemshika Diana bega, akapita katikati ya watu mpaka kwa kaka yake.

"Kaka, shikamoo," alisema. "Unauliza mama wa Zawadi ni nani. Aliwekwa kwenye mkeka wangu, surua yake niliiuguza mimi. Mama yake ni mimi, na ukoo wake ni huu wako. Kama hana ukoo, nifute na mimi."

Mzee Bonifasi alivua kofia, maji yakimtiririka usoni, ya mvua na yasiyo ya mvua, tunayasema haya kwa heshima yake wala si kwa kumwaibisha, halafu akamgeukia msomaji wenu akasema, "Msomeni." Paulo akasema amesikia, ila hatoki mpaka asikie likisomwa, kwa kuwa wazee hubadilika.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliompigania marehemu, hasa wale wa chumba cha kusafisha damu, ambao aliwafundisha Kiingereza bila wao kuomba. Tunawashukuru majirani wa Mwembesongo kwa kuni, maji, mchele na kwa kukaa nasi, walimu wenzake na wanafunzi wake wa miaka yote, waajiri wa watoto waliotoa ruhusa, Padri na jumuiya, na vijana wa Kinole waliobeba jeneza pale gari liliposhindwa. Hatuwezi kumtaja kila mmoja, pokeeni asante yetu mlipo.

Na sasa mstari wenyewe. Mwalimu Fidelis Elia Mkude ameacha mjane, Bi Semeni, wajukuu watano, na watoto wanne, nao ni Collins, Diana, Kelvin na Zawadi.

Paulo, mtani wetu, umesikia. Toka humo sasa, mpishe mwenye nyumba. Mwalimu, jioni ya leo, kabla mtu yeyote hajala, Zawadi atatenga sahani yako na kuifunika. Pumzika kwa amani.