Filamu Iliyofungiwa Stoo

Ndani ya tramu ya Potsdam, Ujerumani Mashariki, miezi michache baada ya Ukuta wa Berlin kubomolewa, mzee mmoja aliketi mbele yangu amevaa suti nyeusi. Kwetu suti kama ile ni ya harusi au ya mahakamani. Mama mwenye kikapu cha vitunguu akamchokoza, "Mzee wangu, leo unaoa?"

"Naenda sinema. Mimi ni Quandt, mwandishi wa filamu. Leo wanaonyesha niliyoandika miaka ishirini na mitano iliyopita. Serikali iliifungia stoo kabla hajaiona mtu, nami nikabaki kuandika katuni za watoto."

"Makubwa! Kwani ilisema nini?"

"Fundi mwashi anamwambia bosi wake ukweli mkutanoni."

"Basi?"

"Basi."

Mama akacheka, bila ubaya. "Siku hizi hata mume wangu anamwambia bosi ukweli, na hakuna anayemsikiliza. Nani atoe hela kwa hilo?"

"Ilikuwa hatari, mama."

"Ilikuwa, mzee wangu."

Tramu ikasimama mbele ya sinema. Mzee akashuka peke yake. Tiketi ya filamu hiyohiyo, niliyogawiwa bure kazini, ilikuwa mfukoni mwangu. Mimi nilikuwa naenda Berlin Magharibi kutazama gari la mtumba.