Nyumba Iliyonadiwa Nikiwa Edani

Bismillahi. Fadhiya, kaa hapa mkono wa kushoto nikuone, na wewe Ubaid izime hiyo simu, maana mauti hayangoji mtu amalize na wateja wake. Nina maneno, na pumzi niliyobakiwa nayo ni ya kupimiwa, basi asinikatize mtu.

Mimi naitamani nyumba yangu. Naona haya kulisema hilo na uzee huu, lakini nimelisema. Hapa Ganjoni mmeniweka ghorofani, maji yapo, taa zipo, na dirisha langu latazama matangi ya watu. Sisemi ni pabaya. Nasema nikinyoosha mkono dirishani hapana wa kuupokea. Kule Ndia Kuu mamake Riyadh alikuwa ng'ambo ya kichochoro, na kichochoro chenyewe chembamba hata Ramadhani tulikuwa twapeana bakuli dirisha kwa dirisha, hakuna aliyevaa viatu. Yeye akinipa muhogo wa nazi, mimi nikimpa mkate wa sinia, na umbeya wa mtaa ukipita katikati bila nauli. Niliingizwa nyumba ile bibi arusi, nikawazaa chumba cha juu, nikamwona baba yenu Sufyan akiteremshwa ngazi zile ambazo jeneza halipindi mpaka liinuliwe. Nilidhani nami nitateremshwa hapo hapo.

Mchelea mwana kulia hulia yeye. Ubaid alipotaka kulipanua duka la vitambaa la Biashara Street, baba yenu aliiweka nyumba rehani, nami nikatia sahihi macho yangu yakiwa wazi, kwa hivyo asinisingizie mtu ujinga. Duka likalala, kisha akalala baba yenu, na wenye mkopo wakataka chao. Kudai ni haki yao. Ninachowateta ni njia waliyopitia.

Sheria yataka mwenye nyumba aarifiwe kabla ya mnada, apate muda wa kujikomboa. Mjumbe wa dalali akala kiapo kwamba barua alinipa mkononi, mlangoni, nimevaa leso ya maua mekundu, na kwamba nikamwambia ahsante. Mimi. Nami siku hizo nilikuwa kwenye eda ya baba yenu, nguo nyeupe, chumba cha juu, sionani na mwanamume asiye maharimu wangu, hata muuza samaki nikimjua kwa sauti. Mwongo asiyejua ada za watu hujivua nguo mwenyewe. Barua hatukuiona, si mimi wala ninyi; habari ya mnada ilitufikia nyumba ishauzwa.

Tukawashtaki, na mnakumbuka siku niliyopanda kizimbani. Wakili wao, yule kijana mwenye tai ya kumkaba, akaniuliza, "Mama, siku hiyo nani alikuona ukiwa ndani?" Nikamwambia, "Mwanangu, ningeonekana, ningekuwa nje." Awiti, wakili wetu, akanivuta pembeni: "Bi Mahfudha, punguza makali, jaji naye ana mamake."

Sasa Alhamisi jaji atasoma uamuzi, mnada ubatilishwe au ubaki ulivyo. Na wenye mkopo, kwa kuwa wamesikia siinuki tena, wameleta suluhu: nitie sahihi, kesi ifutwe, mpewe fungu la pesa. Najua karatasi iko mfukoni mwako, Ubaid. Usiushike mfuko, nimekuona. Sikulaumu, mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, nami siwajui wanaokugongea wewe mlango. Lakini sitaki. Atakayekibonyeza kidole changu kwenye karatasi ile nikiwa maiti, nitamdai mbele ya Mola kwa kidole hicho hicho.

Na Kyalo aliyeinunua msimtukane. Alikuja hapa na machungwa, akakaa ukingoni mwa kiti, akasema, "Mama, mimi niliona tangazo gazetini, nikatoa jasho langu la bandarini." Nikamwambia, "Basi sote wawili tumeuziwa uongo, ila wewe walala ndani yake." Akacheka kidogo, masikini, kisha akauliza kama maji ya kisima yafaa kunywa. Nikamwambia ayaogee.

Fadhiya, tangu mnada hujala sahani moja na nduguyo. Acha. Mwenye kovu usidhani kapoa. Usiku wewe walala, yeye namsikia akitembea.

Sogeeni. Sauti yaniacha.

Nikifa kabla ya Alhamisi, nizikeni upesi, msiningojeze jaji. Nikifa Alhamisi yenyewe, hapo mnisikilize. Ubaid, utashuka wewe mwanandani unilaze kwa mikono yako, usimwachie mtu. Fadhiya, sisi wanawake hatuendi makaburini, basi usikae mkekani kupokea pole za watu waliofuata pilau. Jeneza likitoka, vaa buibui lako uende mahakamani. Likiitwa jina langu, simama useme, "Yuko njiani kuzikwa, mimi mwanawe nipo." Sitaki jina langu liitwe mle liitikiwe na kimya, kama kwamba tulikubali.

Tukishinda, deni mlilipe, maana kurudishiwa nyumba si kusamehewa mkopo. Na mgawane kwa mafungu aliyoyaweka Mungu, asijiongezee mtu. Tukishindwa, jaji akisema ni ya Kyalo, ni ya Kyalo. Mtoke mahakamani kwa miguu yenu, msiache laana mlangoni kwa mtu.

Nipeni maji... Kidogo, nimesema kidogo, mwataka kunizamisha.

Radhi yangu mnayo. Nyote. Ubaid, nawe pia... usitazame pembeni. Mungu awape mahali pa kukaa... pasipopigwa nyundo na mtu. Awape watoto wenye adabu kuliko ninyi.

Fadhiya. Hebu sema... utakavyosema mbele ya jaji.

Kwa sauti, mwanangu.

Ehe. Hivyo.