Bi. Nanyama na Ukurasa wa Hamsini na Tatu

Ijumaa tarehe 28 Novemba 2025, Bi. Milcah Nanyama atastaafu baada ya kuitumikia Maktaba ya Upeo kwa miaka thelathini na saba na miezi minane. Muda huo wote ameketi kwenye dawati lile lile la orofa ya kwanza, kando ya dirisha linalotazama barabara, akilinda rafu moja: rafu ya riwaya za majasusi, za mapigano na za kisayansi. Wakurugenzi sita wamekuja na kuondoka. Zulia limebadilishwa mara mbili. Mara tatu alipewa cheo cha kumhamishia idara nyingine, na mara tatu alishukuru kwa adabu na kukikataa.

Nimeombwa kuandika wasifu huu kwa sababu mimi ndiye mkuu wa idara yake. Wenzangu wanaojua yaliyotokea mwezi Julai walicheka waliposikia, na walikuwa na haki ya kucheka. Nitafika huko.

Bi. Nanyama alikuja Nairobi kutoka Kimilili mwaka 1987, akakaa kwa shangazi yake mtaani Woodley, na hajauhama mtaa huo hadi leo. Machi 1988 aliajiriwa hapa akiwa na umri wa miaka ishirini na miwili. Alipewa rafu hii kwa kuwa hakuna aliyeitaka. Wakutubi wa siku zile waliiita rafu ya wavivu, na mkuu wao alimwambia asijisumbue sana nayo, bora vitabu visiibwe.

Yeye mwenyewe hakuwa amewahi kusoma riwaya hata moja ya kijasusi. Aliona aibu kuulizwa na wasomaji mambo asiyoyajua, basi akaanza na kitabu cha kwanza juu kushoto, akaenda kulia kimoja baada ya kingine, kama mtu anayepalilia shamba. Ilimchukua miaka minne kufika mwisho. Alipofika, vipya mia mbili vilikuwa vimeingia nyuma yake, akarudi mwanzo.

Hivyo ndivyo alivyopata elimu ambayo chuo chochote kingejivunia. Mwulize riwaya za kusisimua zilianzia wapi, atakuanzishia na wasafiri wenye ramani na hazina zilizofukiwa, akupitishe kwenye vita vikuu, akufikishe kwa yule jasusi wa koti refu anayebeba hati bandia za kusafiria na filamu ndogo ndani ya kisigino cha kiatu. Atakukumbusha kwamba miaka ya sabini Nairobi ilikuwa na riwaya zake yenyewe, vijitabu vyembamba vya wapelelezi wa mjini na majambazi wa benki, vilivyosomwa hadi majalada yakang'oka. Kisha atakusimulia jinsi Vita Baridi vilivyokwisha na majasusi wote wakakosa kazi kwa pamoja. Anasema mwaka 1992 ulikuwa mwaka wa majonzi makubwa rafuni. Waandishi walihangaika kutafuta adui: wakajaribu wauza dawa za kulevya, wakajaribu wenye visima vya mafuta, mwishowe wakaangukia kompyuta, na hapo wakapumua.

Na mashujaa nao walibadilika. Zamani, asema, shujaa hakuumwa hata na kichwa. Sasa ana magoti mabovu na ameachwa na mke. Wanawake waliokuwa wakiokolewa dirishani ndio sasa wanaoendesha pikipiki. Riwaya za kisayansi, zilizokuwa zikienda mwezini na Mirihi kwa roketi, zilishuka zikatua duniani, zikaanza kuzungumzia maji, virusi na mashine zinazofikiri. Wakati wa Korona hakuna aliyetaka hata kugusa riwaya ya ugonjwa. Mwaka mmoja baadaye ziliazimwa zote, na watu wakaweka majina yao kwenye orodha ya kusubiri.

Kanuni yake tunaijua sote: ukitaka kujua kitabu kiliandikwa lini, angalia adui ni nani na shujaa anapiga simu vipi. Wanafunzi wa siku hizi humwendea wakiwa wameudhika, wanataka kujua kwa nini mtu anayekimbizwa na risasi anahangaika kutafuta sarafu ya kibanda cha simu badala ya kutuma ujumbe. Huwaeleza kwa subira, tena kwa michoro.

Sitaacha kutaja kisa cha mwaka 1999. Riwaya moja ya kijasusi ilirudishwa bila kurasa sita za mwisho. Bi. Nanyama hakukiondoa kitabu. Alibandika karatasi ndani ya jalada kumwelekeza msomaji afike dawatini asimuliwe mwisho, na kwa miaka miwili wasomaji walikuwa wakipanga foleni mbele yake. Nakala nzima ilipopatikana ikagundulika kwamba kumbukumbu ilimponyoka: msaliti halisi alikuwa daktari, na Bi. Nanyama alikuwa akimtaja mpishi. Aliwaomba radhi wote aliowakumbuka. Wengi walimjibu kwamba mpishi anafaa zaidi.

Sasa tufike mwezi Julai.

Ilibidi maktaba ipate nafasi ya vitabu vya mtaala mpya, na mimi nikaagizwa kupendekeza rafu ya kuondolewa. Nilifungua kompyuta. Takwimu zilionyesha kwamba rafu ya Bi. Nanyama karibu haiazimwi kabisa. Kisha nikavikagua vitabu vyenyewe, nikakuta mia nne na kumi na viwili vimechorwa kalamu ndani. Niliviorodhesha vyote chini ya kichwa cha uharibifu wa makusudi. Nikaandika kwamba rafu haina msomaji na vitabu vyake vimeharibika, nikatia sahihi. Nilijiona nimefanya kazi safi.

Takwimu, tuseme ukweli, zilikuwa na kasoro, na sehemu ya kosa ni lake. Bi. Nanyama hakuipenda kompyuta tangu ilipoletwa mwaka 2016. Msomaji mmoja akirudisha kitabu na mwingine akiwa amesimama hapo hapo anakingoja, yeye alimkabidhi mkononi na kuandika kwenye kadi. Kompyuta haikujua lolote. Nilimwonya mara mbili kwa barua, naye mara mbili alikubali kosa na kuendelea vile vile.

Lakini ile michoro ndiyo iliyoniumbua. Siku ya kikao cha Kamati ya Vitabu, Jumanne asubuhi, Bi. Nanyama aliingia akisukuma toroli lenye vitabu arobaini kutoka kwenye orodha yangu ya vilivyoharibika. Alikuwa amebakiza miezi minne astaafu. Aliweka kitabu mbele ya kila mjumbe, akaomba kila mmoja afungue ukurasa wa hamsini na tatu.

Kila ukurasa huo ulikuwa na alama ndogo pembeni. Nyota, mwavuli, jembe, herufi mbili, kikombe. Alitueleza kwamba wasomaji wa riwaya za aina hii husoma nyingi mno, na majina yake yanafanana, mtu anaweza kuazima kitabu kile kile mara tatu na kugundua akiwa katikati. Kwa hiyo tangu kabla yeye hajaajiriwa walikuwa na desturi: kila mmoja ana alama yake, na akimaliza kitabu anaiweka ukurasa wa hamsini na tatu. Akikutana nayo tena, anajua ameshapita. Yeye alipaswa kuwazuia. Aliwaomba tu watumie penseli, na wengine hawakusikia.

Mwenyekiti wetu, Bi. Veronicah Kibe, alianza kuhesabu alama za kitabu kilichokuwa mbele yake. Alifika sitini na moja, akanitazama. Mimi nilikuwa nimeshaelewa. Kitabu kilivyozidi kupendwa ndivyo kilivyozidi kuchorwa. Orodha yangu ya vitabu vilivyoharibika ilikuwa ndiyo orodha ya vitabu vilivyosomwa kuliko vyote katika jengo hili.

Kulikuwa na alama ya samaki. Ilikuwa kwenye riwaya za kijasusi zilizonunuliwa miaka ya themanini, ikaendelea kwenye zile za kompyuta, ikafika kwenye za kisayansi. Mahali fulani katikati, samaki mdogo alitokea kando ya mkubwa. Wakaenda pamoja vitabu vingi. Katika vile vya karibuni kulikuwa na samaki mdogo peke yake.

Bi. Nanyama alikuwa amemwomba mwenye alama hiyo afike. Anaitwa Ivyne Obuya, anafanya kazi ya kompyuta Parklands, na hadithi zake za Nairobi ya miaka hamsini ijayo ziko kwenye rafu hiyo hiyo. Baba yake, Mzee Zedekiah, alikuwa dereva wa familia moja kule Karen kwa miaka mingi, na alisoma akiwa garini akisubiri waajiri wake. Sasa macho yake yamefifia, na Ivyne ndiye humsomea. Alisimama mbele yetu, kidole kikiwa juu ya ukurasa.

"Hii samaki kubwa ni ya baba, hii ndogo ni yangu," alisema. "Hatukuwa tunaharibu vitabu, madam. Tulikuwa tunaonyesha tumepita hapa."

Niliomba ruhusa ya kuondoa pendekezo langu kabla ya kura. Kura ilipigwa hata hivyo, na wajumbe wote saba walitaka rafu ibaki. Vitabu vya mtaala vimewekwa kwenye chumba kilichokuwa cha mikutano, na sasa tunakutana kwenye ukumbi wa chai, jambo ambalo limefupisha mikutano sana. Vile mia nne na kumi na viwili vinashonwa upya majalada. Hakuna alama iliyofutwa.

Baada ya kikao nilimfuata dawatini kwake. Sikuwa na uso wa kumtazama, lakini nilitaka kujua. Nilimwambia kwamba angeweza kunyamaza, akaondoka kwa amani miezi minne baadaye, mzigo ukatubakia sisi. Kwa nini alijisumbua?

Alikuwa akipanga vitabu vya toroli, hakusimama.

"Bwana Ndungu," alisema, "mimi nimeshavisoma vyote. Sikuvipigania kwa ajili yangu."

Nimekuwa mkutubi kwa miaka kumi na tisa. Nimehesabu vitabu, nimevipanga, nimeviandikia ripoti. Siku ile ndipo niliposikia kazi yangu ni ipi, na niliisikia kutoka kwa mtu niliyekuwa nimemwandikia barua mbili za onyo. Naziondoa barua hizo katika faili lako leo, Bi. Nanyama, na nakuomba radhi mbele ya wafanyakazi wote. Niliandika kwamba rafu yako haina msomaji. Umbali kutoka ofisi yangu hadi dawati lako ni hatua ishirini, nami sikuja kukuuliza.

Kwa niaba ya Maktaba ya Upeo, pokea shukrani zetu. Tunakuombea afya njema, usingizi usiokatizwa na saa ya kuamkia kazi, na miaka mingi ya furaha pale Woodley pamoja na wako. Jumatatu tarehe mosi Desemba mlango utafunguliwa saa mbili asubuhi kama kawaida. Ukijisikia, njoo. Safari hii sisi ndio tutakaokuhudumia.