Miguu ya Amos Kershaw, kama Alivyoieleza Marehemu Ellis Duckworth

Mchungaji, wazee wa kanisa, majirani wa Mtaa wa Tanner, nanyi mliovaa medali zenu leo kwa heshima ya marehemu: aliyemweleza Hilda jambo kubwa lililomo katika historia hii ni marehemu mwenyewe, baba yake mzazi, jioni ya Jumapili tarehe 21 Februari 1937, siku tatu kabla ya kufariki, na Hilda, ambaye ndiye anayesoma, anaomba avumiliwe, kwa kuwa hajazoea kusimama mbele za watu, na kwa kuwa jambo lenyewe linahusu jina la mtu aliye hai, Bwana Amos Kershaw, fundi viatu wa Mtaa wa Chini, ambaye mji huu umemsema vibaya kwa miaka ishirini.

Marehemu Ellis Duckworth alizaliwa hapa Harleshaw tarehe 3 Mei 1890, mtoto wa nne kati ya saba wa Bwana Joseph Duckworth, mvunja mawe, na Bibi Hannah, ambao wote wametangulia. Alianza shule ya kanisa hili mwaka 1895, akakalishwa dawati moja na Amos Kershaw, na walipotimiza miaka kumi na miwili wakawa, kama wengi wenu, nusu siku darasani na nusu siku kiwandani, wakisinzia kwenye hesabu na vumbi la pamba likiwa bado kichwani, mpaka walipoacha shule kabisa mwaka 1903 na kuwa wafumaji.

Tarehe 17 Juni 1911, siku ya Jumamosi, alifunga ndoa katika kanisa hili na Bi Sarah Ellen Holt, na aliyesimama kando yake akiishika pete alikuwa Amos. Walijaliwa watoto wawili, Hilda, aliyezaliwa tarehe 9 Oktoba 1912, na Clifford, aliyezaliwa tarehe 2 Machi 1914.

Tarehe 15 Septemba 1914 marehemu na Amos walijiandikisha pamoja katika kikosi kilichoundwa na mji huu, ambamo msimamizi wa kiwanda aligeuka sajini, karani akawa luteni, na mtu aliweza kulala mahali pamoja na binamu zake watatu na mwalimu wake wa shule ya Jumapili. Siku walipopita barabara kuu bado wakiwa na fimbo badala ya bunduki, Bibi Hannah alisikika akiuliza kwa sauti, "Wameondoka wote! Sasa nani atafuma, paka?" na watu wakacheka mpaka safu zikaharibika.

Walifika Ufaransa Novemba 1915. Tarehe 1 Julai 1916, siku ya shambulio lililowaua wengi wa kikosi, haihitaji kusimuliwa hapa, kwa maana hakuna mtaa katika mji huu ambao mapazia ya madirisha yake hayakushushwa kwa msiba wiki ile. Katika kombania yao walibaki wachache hata marehemu akafanywa koplo, si kwa ujuzi, alisema mwenyewe, bali kwa sababu alikuwa amesimama.

Inafaa ninyi msiokuwako mwelewe desturi moja ya mahandaki, kwa sababu ndiyo chanzo cha yote. Majira ya baridi ya mwaka ule maji yalifika magotini, na mguu uliokaa ndani ya maji siku mbili ulivimba, ukafa ganzi, ukawa wa buluu, kisha mweusi, na hapo daktari hakuwa na dawa ila msumeno. Kwa hiyo ilikuwa amri kwamba asubuhi na jioni kila askari avue viatu, na mwenzake amsugue miguu kwa mafuta ya nyangumi mpaka damu irudi, kisha amvalishe soksi kavu. Hakuruhusiwa kujipaka mwenyewe, kwa kuwa waliotunga amri ile walijua kwamba mtu aliyechoka huidanganya miguu yake mwenyewe, lakini huona haya kuidanganya ya mwenzake. Kazi ikiisha, koplo aliandika kwenye karatasi kwamba miguu yote imepakwa, akaipeleka kwa luteni, na platuni iliyotoa wagonjwa wa miguu ilinyimwa likizo yote.

Marehemu na Amos walikuwa jozi moja. Tarehe 14 Januari 1917, karibu na mto Ancre, Amos alimsugua marehemu miguu asubuhi, kisha akatumwa kubeba mbao za kuzuia kuta za handaki, na akarudi jioni akiwa matope mpaka mapajani. Marehemu alikuwa ameketi juu ya sanduku la risasi, karatasi yake imekwisha kuandikwa na kupelekwa.

"Ellis, nivue viatu," Amos alisema. "Vidole hivi si vyangu tena, ni vya jirani."

"Kesho asubuhi, Amos. Nimekwisha."

"Kesho asubuhi nitaamka na kwato."

"Basi tutakuuza mnadani pamoja na ng'ombe. Lala, bwana."

Wakacheka wote wawili, na marehemu alisema kwamba katika mambo yote ya vita vile kicheko hicho ndicho kilichomrudia zaidi. Asubuhi ilipofika makombora yalikuwa yakiwaangukia tangu alfajiri, wakashinda siku nzima wakilifukua handaki lao lililofukiwa, na jioni ile marehemu aliandika tena kwamba miguu yote imepakwa, na jioni ya tatu vilevile. Amos hakumlalamikia luteni, kwa sababu kufanya hivyo kungemponza rafiki yake.

Tarehe 17 Januari Amos alibebwa, hawezi kukanyaga. Daktari akauliza, luteni akafungua karatasi zake, akamwita marehemu.

"Koplo, ulimpaka huyu?"

"Ndiyo, bwana."

"Kila jioni?"

"Kila jioni, bwana."

Ikaonekana basi kwamba miguu ya mtu iliyopakwa kila jioni haiwezi kuoza isipokuwa mwenyewe ameiosha mafuta kwa siri na kuitumbukiza majini kusudi arudishwe nyumbani. Amos alikatwa miguu yote miwili juu ya vifundo. Jumapili tarehe 28 Januari kikosi kizima kilipangwa kwenye uwanja nyuma ya mahandaki, na amri ikasomwa mbele ya watu mia sita kwamba askari huyo amejiharibu mwenyewe na kuwatia aibu wenzake, na marehemu alikuwa katika safu ya pili, anasikiliza, na hakufungua kinywa. Mwezi Machi akapandishwa kuwa sajini, kwa sababu, barua ilisema, watu wake walikuwa na miguu mizuri kuliko wote.

Katika kikosi cha mji mmoja habari hurudi nyumbani kabla ya mtu. Amos aliposhushwa kituoni kwenye kiti cha magurudumu, wanawake waliokuwa wakitoka kiwandani walikuwa wanajua tayari. "Huyo hapo, kauza miguu ili arudi kwa mama yake!" mmoja alipaza sauti, na mwingine akajibu, "Wangu alikuwa na miguu miwili mizima, na haikumrudisha." Mnamjua aliyesema hivyo, na mnajua alikuwa amefiwa na nani, na hakuna anayemlaumu. Lakini tangu siku hiyo Amos hakualikwa hata mara moja kwenye chakula cha mwaka cha askari wa zamani, na alipooa, alioa mbali.

Marehemu alirudi Februari 1919, akawa fundi wa mitambo ya kufuma, mpole kwa wafumaji wake, hakuwahi kumkata mtu ujira kwa kosa la nyuzi, na kila Novemba, katika siku ya kuwakumbuka waliokufa vitani, ndiye aliyeibeba bendera ya kikosi. Viatu vyetu vya mti vilipoisha soli alitupeleka kwa fundi Ogden, upande wa pili wa mji, hata mvua ikinyesha, na tulikuwa tukipita mbele ya mlango wa Amos. Hilda akiwa na miaka minane aliuliza, "Baba, si kuna fundi hapa?" Akajibiwa, "Tembea."

Marehemu alianza kuugua kifua Oktoba 1936, na tangu sikukuu ya Noeli hakushuka ngazi. Jumapili ile Hilda alikuwa amempelekea chai, mtoto akiwa begani, na marehemu akamwambia yote kama yalivyosomwa hapa, kwa tarehe zake, kisha akasema, "Nilipokuwa mzima niliwaogopa watu. Sasa ninaogopa kitu kingine. Mwambie Amos ninaomba radhi. Mwambie yeye peke yake." Alifariki Jumatano tarehe 24 Februari 1937, saa kumi jioni, akiwa na umri wa miaka arobaini na sita. Ameacha mjane, watoto wawili na mjukuu mmoja, Jean.

Familia inamshukuru daktari aliyekuja hata bila kuitwa, muuguzi aliyembadilishia mito, majirani wa Mtaa wa Tanner waliotuletea mkate na supu, wafanyakazi wenzake waliosimamisha mitambo kwa dakika mbili, na askari wa zamani waliolifunika jeneza kwa bendera. Mkitaka kuiondoa bendera hiyo baada ya kusikia haya, hatutanung'unika. Mama hakutaka yasomwe. Alisema, "Utamvua nguo baba yako mbele ya watu, naye hawezi kujifunika?" Clifford, ambaye ndiye aliyepaswa kusoma, alisema hataisoma karatasi hii, na hatukugombana, ila karatasi ikabaki kwa Hilda.

Ameamua kuisoma kwa sababu ya yaliyotokea asubuhi iliyofuata, Jumatatu tarehe 22. Alimwacha mtoto kwa jirani, akaenda Mtaa wa Chini, akamkuta Bwana Kershaw peke yake, akampa ujumbe kama alivyotumwa, kwa sauti ya chini. Bwana Kershaw aliendelea kupigilia misumari mpaka soli ikaisha.

"Ametuma mtoto," alisema.

"Hawezi kushuka ngazi, Bwana Kershaw."

"Hata mimi siwezi." Kisha akauliza, "Na wewe mbona unaninong'oneza? Mimi nilisomwa mbele ya watu mia sita, binti. Nusu yao wamekufa wakijua hivyo. Radhi ya kunong'onezwa dukani nitaiweka wapi?"

"Nifanye nini basi?"

"Muulize baba yako kama naye anaweza kusomwa."

Hilda alikimbia nyumbani kuuliza, lakini alipopanda ngazi marehemu alikuwa amekwisha kupoteza fahamu, wala hakusema neno tena, hivyo hakuna ajuaye angejibu nini, na Hilda hadai kwamba anajua. Alikaa naye saa nzima. Kisha, kabla ya adhuhuri, alirudi Mtaa wa Chini na kalamu, akaandika maneno machache juu ya meza ya Bwana Kershaw, naye akamwambia aongeze namba yake ya jeshi, kwa sababu kikosini walikuwako akina Kershaw watatu, akamtaka ayasome kwa sauti, akasema hayasikiki, akamtaka ayasome tena, na mara ya tatu akageuza uso wake ukutani na kusema imetosha. Maneno yenyewe ni haya:

Askari namba 15482, Amos Kershaw, wa kombania ya C, hakuiharibu miguu yake. Koplo wake, Ellis Duckworth, hakuipaka, akaandika kwamba ameipaka.

Baba, tumekusomea. Pumzika sasa, Mungu akupe amani.