Mjane Mwenye Mume

Mwaka tisini na saba, ndani ya basi la Downsview, huku ughaibuni, nilikaa nyuma ya mke na mume waliokuwa wakigombana kwa Kiswahili. Watu hudhani vibibi hawasikii, Mungu awazidishie.

"Baba Ella, yule Mhispania wa filamu kanichagua mimi. Kesho nakwenda kulia mbele ya kamera, basi." "Unamlilia nani?" "Mume wangu, ndani ya filamu." "Mume wako ni mimi, na ninapumua." Kweli alipumua, tena kwa nguvu.

Mke akamweleza kwamba bwana yule si mtu mdogo: miaka ishirini anaandika filamu mwenyewe na kuziongoza mwenyewe, ametengeneza tisa, na kwao Ulaya wamempa tuzo. "Na katika zote tisa mume anakufa kabla bisi hazijapoa! Hicho ndicho kipaji? Kwetu mume haliliwi akiwa hai, Mama Ella. Ni kuniita kaburini. Kwa nini asitafute wajane wa kweli?" "Alijaribu. Wa kweli walicheka." "Ukienda, usirudi kwangu." "Nisipokwenda, nitafagia ghala la watu mpaka nizeeke."

Hapo mke akaanza mazoezi. Akaangua kilio cha matanga, basi zima likageuka kumtazama. Dereva akasimamisha gari, akaja kuniuliza mimi niliye karibu mama huyu ana nini. Nikamjibu kwa Kiingereza changu cha darasa la nne kwamba amefiwa na mumewe.

Dereva akavua kofia, akamgeukia Baba Ella: "Na wewe bwana, hata kumshika mkono huwezi?"