Saady Aliacha Gari, Akashika Bunduki

Asubuhi hiyo kijiwe chetu cha kahawa, mkabala na maegesho ya bodaboda mjini Kasulu, kilijaa kuliko siku ya mnada. Habari ilikuwa moja: Saady, mtoto wa Mzee Abdalah mwenye malori ya maharage, amekamatwa mpakani, kusini mwa nchi, akiwa na bunduki, pamoja na kundi lililochoma kijiji. Saady huyuhuyu aliyesoma ng'ambo, akarudi akapewa gari jipya na duka la vifaa vya ujenzi. Faudhia akamimina kahawa, wazee wa baraza wakaanza kesi.

— Ni pesa, akasema Profesa, mwalimu mstaafu. Kijana hajawahi kulima hata tuta moja la mihogo! Mwili usipochoka, akili inazurura.

— Acha hizo, Profesa, akadakia Waya, fundi simu. Watoto wa matajiri wangapi wametulia? Ni simu. Alikuja kwangu kubadilisha kioo, meseji zikawa zinamiminika. Watu asiowahi kuwaona wanamwita "simba wetu". Hapa mjini tunamwita mtoto wa Abdalah, basi.

— Sasa mbona hukusema? Faudhia akauliza.

— Mteja ana siri zake, mama.

Breki, dereva wa bodaboda, akasimama kabisa.

— Nyote hamjui kitu! Yule alichomwa sindano kulekule ng'ambo. Ukichomwa ile, unamsahau hata mama yako. Halafu wanakuwekea kidude kwenye jino, wanakuendesha kwa setilaiti. Kata kulia! Kata kushoto!

Tulicheka mpaka kahawa ikamwagika.

— Mwakeye, sauti ikatusalimu kwa nyuma.

Kicheko kikakatika. Alikuwa Mwajabu, dada yake Saady, nesi wa kule Kibondo, amebeba begi.

— Stendi, dada? Breki akauliza, sauti imeshuka.

— Ndiyo. Naenda kumwona mahabusu. Alipoanza kujifungia chumbani nilimwambia atoke, aje akae na nyinyi. Akasema, "Pale hakuna anayenijua." Nikambishia sana.

Mwajabu akahamishia begi mkono wa pili.

— Sasa akiniuliza habari za huku, nimwambie nani anamsalimia?

Profesa akaanza kufuta kahawa iliyomwagika. Waya akainama kama anayetafuta kitu chini. Mimi nikamtazama Faudhia, naye akanitazama mimi.

Mwajabu alisubiri. Alisubiri kweli, maskini, kisha akapanda pikipiki.