Neville Tregenza na Habari ya Moto wa Carrick

Wasikilizaji wapendwa, leo hatuanzi na muziki. Neville Tregenza amefariki. Msomaji wetu wa habari, Neville Tregenza, alifariki Jumanne hapa Adelaide, akiwa na miaka themanini na minne. Alitusomea redioni, kisha kwenye televisheni, na wengi wenu mlikula chakula cha jioni mkimtazama yeye zaidi kuliko mlivyotazamana.

Nev alizaliwa huko milimani, katika bonde la Carrick, kwenye shamba la matofaa la baba yake, Mzee Clem. Alikuja mjini angali kijana, akajaribiwa redioni, akapata kazi. Lakini enzi zile, mnakumbuka wazee wenzangu, hapa kwetu Australia habari zilisomwa kwa lafudhi ya London tu. Ukisoma kama mtu wa Carrick unaonyeshwa mlango. Nev akajifunza. Mwaka haukuisha, akawa anaongea kama aliyezaliwa jirani na malkia.

Dada yake mdogo, Una, aliniambia juzi: "Siku yake ya kwanza tulikusanyika wote jikoni. Baba alisikiliza maneno mawili matatu, akauliza, 'Huyu Mwingereza katoka wapi?' Nikamwambia, 'Baba, si kaka Nev huyo!' Akasema, 'Mwanangu mimi haongei hivyo.' Akazima."

Tangu hapo, saa ya habari ikifika, Mzee Clem anazima redio. Krismasi Nev akienda nyumbani, akiomba chumvi mezani, mzee anawaambia wenzake, "Hebu mpeni chumvi bwana mkubwa, asije akatusomea habari." Watu wanacheka. Nev naye alicheka, ila Krismasi iliyofuata hakwenda. Alichotaka kilikuwa kimoja tu, baba yake amsikilize.

Kisha ukaja ule moto. Ilikuwa Januari, upepo wa kaskazini, joto la kupasua midomo. Mimi nilikuwa fundi mitambo hapa redioni, mgeni kazini. Nev akaletewa tangazo la polisi: moto umevuka kilima, watu wa Carrick watoke kwa barabara ya kusini. Akalisoma kwa ile sauti ya London. Kisha akanyamaza, hewani, jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Akaweka karatasi chini, akaongea kama kwao.

"Jamani, ni mimi, Nev wa Clem. Achaneni na mipira ya maji. Achaneni na kondoo. Ingieni kwenye magari mtoke sasa hivi. Baba, nakuomba. Toka."

Mkubwa wetu aliingia mbio, uso mwekundu. "Tregenza! Unadhani hapa ni baa?" Nev akasimamishwa kazi palepale. Lakini familia nyingi za Carrick zilitoka kwa sababu ya maneno yale. Mzee Clem hakutoka. Mzee Clem alifia penye tangi la maji, shambani kwake.

Wasikilizaji walidai Nev arudishwe, akarudishwa. Tangu siku hiyo alisoma kwa lafudhi ya kwao, wa kwanza kituoni kwetu. Televisheni ikamchukua, akakaa nayo miaka mingi: koti na tai juu ya meza, kaptura na ndala chini yake. Alikuwa mcheshi. Lakini Januari ikifika alikuwa mtu mwingine, haongei na mtu.

Kilichomshikilia ni kimoja. Una alimwambia kwamba baba alisikia. Kwamba baba alisimama dirishani, akasema, "Huyo sasa ndiye mwanangu," ndipo akarudi shambani kumfungulia farasi wake. Nev alinisimulia hayo mara nyingi, na kila mara alivua miwani akaifuta.

Juzi nilimkumbusha Una maneno hayo. Chai yake ilikuwa imepoa mbele yake. Akatikisa kichwa.

"Baba hakusikia kitu. Alikuwa ameshazima, si zilikuwa habari? Mimi niliambiwa na jirani yetu, Hazel Pascoe, alikuja anapigapiga mlango. Nikamkimbilia baba kule kwenye tangi, nikamwambia Nev anasema tutoke. Akasema, 'Nev gani? Mimi redioni sina mtoto.' Akaendelea kujaza ndoo. Watoto wangu walikuwa garini wanalia. Nikaondoka."

"Na kaka yako hukumwambia?"

"Ningemwambiaje? Wewe sema tu sasa. Hawezi tena kusikia."

Wasikilizaji wapendwa, nimekaa na jambo hili siku mbili na bado linaniuma. Sijui kama Una alikosea. Mimi nisingeweza kusema tofauti. Kama kuna wako uliyempa kisogo kwa sababu ya namna anavyoongea, au kazi aliyoichagua, mfikirie leo. Mpigie simu kabla hujalala.

Tunatoa pole kwa Una, kwa watoto wa Nev, na kwa watu wote wa Carrick. Una ameniomba nisome tangazo la mazishi kama alivyoliandika mwenyewe, bila kubadilisha neno. Nalisoma.

"Neville Tregenza, mtoto wa Clem, atazikwa Carrick, Ijumaa asubuhi, kando ya baba yake."